Sahihi Kumi na Moja za Ntalikwa

"Karatasi zimekamilika, Afande."

Mwanamkuu, ofisa wa leseni za usafirishaji, alisema hivyo kwa mara ya nne asubuhi hiyo, na mara zote nne kwa upole uleule. Mkaguzi Msaidizi Advera alitamani angalau yule mama amkaripie. Mtu mkali utagombana naye, mtapoza roho, mtaendelea na kazi. Mtu mpole mwenye faili lililokamilika hana dawa.

"Nisomee tena," Advera alisema.

"Cheti cha kifo cha Emilian, mwenye kibali cha njia ya Tabora hadi Igunga kupitia Ziba. Kipo. Muhtasari wa kikao cha ukoo kilichomteua Issa, kondakta wake, kuwa msimamizi wa mirathi. Upo, una sahihi kumi na moja. Barua ya mahakama ya mwanzo kumthibitisha Issa. Ipo. Maombi ya kuhamishia kibali kwenye jina lake. Yapo. Kesho Ijumaa saa nne asubuhi muda wa pingamizi unakwisha, nami nasaini."

"Mjane ameleta pingamizi."

"Mjane anasema hakukuwa na kikao chochote. Na sahihi ya mjane ni ya tatu kwenye kikao hichohicho." Mwanamkuu akaligeuza faili ili Advera aone mwenyewe. "Sasa mimi nimwamini anavyosema, au nimwamini alivyosaini?"

Kilichomuudhi Advera ni kwamba swali lenyewe lilikuwa zuri.

Kwa wiki tatu alikuwa amelibeba jalada hili kwa neno moja tu: kughushi. Alikuwa na uhakika kiasi cha kuwatangazia wenzake kituoni, jambo ambalo mpelelezi mwenye akili halifanyi. Jana yake majibu ya mtaalamu wa maandishi yakafika kutoka Dar es Salaam. Sahihi zote kumi na moja zilikuwa za wenyewe. Mkuu wake wa upelelezi aliyasoma akiwa amesimama, akacheka, akamrudishia bahasha. "Mama wa watu kasaini, kisha kajuta," alisema. "Funga jalada, Advera. Tuna wezi wa ng'ombe huku."

Kulifunga kulikuwa jambo la dakika mbili. Lakini Eustadia, mjane wa Emilian, alikuwa na watoto wanne na Coaster moja kuukuu, na kibali cha njia ile kilikuwa kimoja. Ofisi haikuwa ikitoa kingine. Kikishahamia kwa Issa kimehamia, na basi lisilo na kibali ni banda la kuku lenye magurudumu.

"Huu muhtasari ni kopi," Advera alisema. "Halisi iko wapi?"

"Mahakamani."

"Kuna mtu amewahi kuiangalia?"

"Kwa nini aiangalie, Afande, na kopi tunayo?"

Advera alitoka kabla hajasema la kumwajibisha kesho yake.

Mahakamani alingoja saa nzima, kwa sababu karani wa masijala alikuwa amekwenda kunywa chai na ufunguo mfukoni. Aliporudi hakuomba radhi. Alimpa Advera faili, akamwambia asilikunje.

Ukurasa wa kwanza ulikuwa umechapwa kwa kompyuta, safi, wenye ajenda na mahudhurio na kila kitu ambacho kikao hupaswa kuwa nacho. Ukurasa wa pili ulikuwa karatasi ya daftari, yenye mistari, iliyokatwa juu kwa mkasi. Hapo ndipo yalipokuwa majina na sahihi. Na hapo palikuwa na madoa. Kwenye kopi yalionekana kama vumbi la mashine, naye kwa wiki tatu aliyaona hivyo. Kwenye karatasi halisi yalikuwa mekundu. Alama za vidole, nyingine nzima nzima, karibu na sahihi nane kati ya kumi na moja. Sahihi ya Eustadia ilikuwa safi.

Advera alikwangua kidogo kwa ukucha, huku karani akimkazia macho. Udongo. Lakini Ntalikwa, alikozikwa Emilian na wanakoishi hao waliosaini, ardhi ni mchanga wa kijivu. Viatu vyake vilikuwa na ushahidi wa safari tatu za bure. Udongo mwekundu kule huupati kwa kutembea. Unaupata kwa kuchimba, tena upite kiuno.

"Walikuwa wanachimba," alimwambia karani, ambaye hakutaka kujua.

Gari la idara lilikuwa gereji, kama kawaida yake, hivyo Advera alikwenda Ntalikwa kwa bodaboda. Alimkuta Gerson, kaka mkubwa wa marehemu, akimenya karanga uani pamoja na Eustadia. Gerson alikuwa mtu mzima wa Kinyamwezi, mwembamba, mwenye adabu ya kuchosha. Eustadia alikuwa bado na kitambaa cheusi kichwani.

"Shikamoo, mzee Gerson."

"Marahaba, Afande. Umerudi."

"Nimerudi. Na leo siondoki na majibu ya juzi." Advera alikataa kiti. "Baada ya maziko, mlikaa kikao cha ukoo?"

"Hatukukaa."

Akamwonyesha kopi. "Sahihi hii ya kwanza ni yako?"

"Ni yangu."

"Uliisaini wapi?"

"Sikusaini, Afande."

"Mzee!"

"Mimi ni Mkristo, siwezi kusema uongo. Sahihi ni yangu, na karatasi ya kikao sikusaini."

Advera alihesabu mpaka kumi kwa Kihaya, lugha ya kwao, ambayo aliitunza kwa ajili ya sala na nyakati kama hizi. Kisha akabadili njia.

"Mwaka huu mmechimba nini hapa?"

Gerson alishangaa. "Kisima. Mwezi wa tano."

Advera akamsogelea. "Issa alikuja kisimani? Akawasainisha watu kitu?"

"Issa?" Gerson aliguna. "Yule hata kuvuta ndoo anaogopa mgongo wake."

"Na mwezi wa tano mimi sikuwepo hapa," Eustadia alisema. "Nilikuwa Igunga, namuuguza Emilian. Alikuwa hai bado, Afande. Nani angemrithi mtu aliye hai?"

Hoja ya kisima ikafukiwa hapohapo. Advera aliketi sasa, bila kukaribishwa mara ya pili, akaanza na jina moja moja, kama anayeokota mawe kwenye mchele.

"Huyu Vedasto ni wa ukoo wenu?"

"Jirani. Mmoraviani wa ng'ambo ya korongo."

"Wa tano?"

"Jirani."

"Wa sita na wa saba?"

"Vijana wa mtaa. Kukiwa na msiba ndio wanaochimba."

"Na shangazi yenu, bibi Gaudensia, mbona simwoni humu?"

Kwa mara ya kwanza Eustadia alikaribia kutabasamu. "Kikao cha ukoo bila shangazi Gaudensia? Nani ana ubavu huo? Angetulaani mpaka kuku."

"Siku ya maziko alikuwa wapi?"

"Alibaki nyumbani. Miguu inamsumbua, hakufika makaburini."

Advera aliiweka kopi juu ya karanga. Alijisikia mjinga, na ujinga ukimjia huja na hasira. Wiki tatu alikuwa ameisoma orodha hii kama orodha ya ukoo kwa sababu juu yake palichapwa neno ukoo. Shangazi hayumo. Majirani wamo. Wachimbaji wamo.

"Huu si ukoo," alisema. "Hawa ni watu waliosimama kaburini kwa Emilian, wenye mikono michafu, kabla hamjamzika. Mlisaini kitu pale."

Gerson alimtazama shemeji yake. Eustadia alitazama karanga. Advera akaona kwamba hawakuwa wanaficha. Walikuwa wanaona haya.

"Ah," Gerson alisema. "Ile."

"Ile nini?"

"Ile haikuwa karatasi, Afande. Ule ulikuwa utani."

"Nimekuuliza mara tatu, mzee wangu. Mara tatu! Kama umesaini karatasi yoyote."

"Uliuliza karatasi," Gerson alisema kwa upole. "Hukuuliza utani."

Advera angeweza kulia. Badala yake alifungua daftari lake la kazi na kusema, "Haya. Nauliza utani."

Ndipo mzee akaeleza, taratibu, kama anavyoelezwa mgeni aliyeuliza kwa nini watu wanapika kabla ya kula. Issa ni Mzaramo. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani tangu wazee walipokuwa wakibeba mizigo kwa miguu kutoka huku mpaka Bagamoyo, wakapita kwa Wazaramo wakiwa na njaa, wakatukanana, wakalishana. Mnyamwezi akifa, mtani Mzaramo ana kazi msibani, na Mzaramo akifa, Mnyamwezi vilevile. Atavaa koti la marehemu, ataiga mwendo wake, ataiba jogoo, na watu waliokuwa wakilia watacheka. Hakasirikiwi. Akikasirikiwa, msiba umeharibika.

"Kaburi lilipokamilika, jeneza liko pembeni, Issa akarukia ndani akalala chali," Gerson alisema. "Amevaa kofia ya Emilian ya udereva. Akasema, sitoki! Mpeni huyu mahali pengine, mimi nimeshapanga! Sitoki mpaka ukoo unipe basi na njia ya Igunga, tena kwa maandishi! Vedasto alikuwa na daftari la msiba, akaandika. Tukasaini wote, na udongo wetu mikononi. Akaisoma kwa sauti akiwa chini kule, akaikunja, akaitia mfukoni, ndipo akatoka."

"Na wewe mama ulisaini?"

"Nilisaini," Eustadia alisema. "Siku tatu nilikuwa sijala. Alivyolala mle, na ile kofia, nilicheka mpaka nikashikwa mbavu. Nikaona kumbe bado nipo." Akajifuta macho kwa ncha ya kitenge, kwa hasira, kama anayemfuta mtoto pua. "Nikamshukuru. Nilimpa mkono nikamshukuru, Afande."

"Daftari hilo lipo?"

Lilikuwepo, ndani ya sanduku, pamoja na kanzu ya ubatizo ya mtoto wa mwisho. Katikati palikuwa na ukurasa uliochanwa. Advera aliuinua ukurasa uliofuata kuelekea kwenye mwanga. Vedasto alikuwa ameandika daftari likiwa juu ya goti, na kumbe alikuwa mtu wa kugandamiza kalamu. Advera aliomba penseli ya mtoto wa shule, akailaza, akapaka polepole bila kukandamiza, na maneno yakaanza kutoka, meupe katikati ya weusi: *Ili mtani wetu Issa atoke kaburini tumzike ndugu yetu, tunampa basi na njia yake yote.* Chini yake, majina kumi na moja, kwa mpangilio uleule wa mahakamani.

Mkasi wa Issa ulikuwa umekata sentensi hiyo tu na kuacha majina. Baada ya hapo alichohitaji ni mtu wa kumchapia ukurasa wa juu.

"Kesho saa mbili muwe kituoni," Advera alisema. "Wote wawili. Bila maelezo yako ya maandishi, mama, siwezi kumzuia yule wa leseni asisaini. Na mzee Gerson, nakuomba, kama kuna kitu kingine mlichosaini ambacho si karatasi, niambie sasa."

Mzee alifikiri kwa dhati. "Hakuna," alisema.

Issa aliletwa asubuhi ile ya Ijumaa akiwa na shati lililopigwa pasi. Alikuwa mtu wa miaka arobaini na kitu, mchangamfu, mwenye sauti ya mlango wa basi. Alimsalimia kila askari. Karani wa mahakama alikuwa kaketi pembeni na faili lake magotini, kwa sababu alikataa kuliacha peke yake.

"Kikao mlikaa wapi?" Advera aliuliza.

"Sebuleni kwa mzee Gerson, Afande."

"Siku gani?"

"Jumapili, ya tatu baada ya maziko. Watu wametoka misa."

"Walikuwa wamevaaje? Pengine walitoka shamba?"

"Shamba Jumapili, Afande? Watu wamependeza, wameoga, wamekaa kwenye makochi. Chai ikaletwa."

"Mikono safi?"

Issa akacheka. "Watu wa kanisani hao!"

Advera aliandika kila neno, akamsomea, akampa asaini. Issa akasaini kwa madaha. Kisha Advera akamwomba karani afungue faili, akaiweka kalamu yake juu ya alama ya kwanza ya kidole, nyekundu, kisha ya pili, kisha ya tatu. Pembeni akaliweka daftari la msiba, wazi kwenye ukurasa uliopakwa penseli.

Issa aliusoma. Midomo yake ilisogea mpaka kwenye neno *kaburini*, ikasimama.

"Miaka kumi na mmoja, Afande," alisema baadaye, na sauti ya mlangoni ilikuwa imemtoka. "Emilian usukani, mimi mlangoni. Najua kila tuta mpaka Ziba. Kafa, mimi nimekuwa nani? Mke ana watoto, kaka ana mashamba. Mimi?"

"Ungemwomba mjane mwendelee na kazi."

"Mtani haombi. Mtani anachukua."

"Anachukua jogoo, Issa. Hachukui njia ya Igunga."

Saa ya ukutani ilionyesha saa tatu na dakika tano. Advera akawaita Eustadia na Gerson waingie, na hapo lilitokea jambo ambalo hakuwa amelipangia. Issa alimwona Eustadia, akajitupa sakafuni chali, akaikunja mikono kifuani kama maiti.

"Shemeji! Nimerudi kaburini!" alipiga kelele. "Wameniweza! Lete jogoo mmoja tu, nikuachie kibasi chako, tuyamalize! Ama niozee hapa polisi?"

Askari mlangoni alicheka. Mdomo wa Gerson ulitikisika, mzee wa watu, hakuweza kuuzuia. Advera alikuwa Ntalikwa jana tu, na alikuwa amejifunza: mtani hakasirikiwi. Eustadia akicheka, hata kidogo, yote yamerudi kuwa utani. Nani angemfunga mtu ambaye mlalamikaji wake anamcheka? Jalada lingekufa pale sakafuni, na Issa angeinuka, ajifute vumbi, na saa nne kibali kingesainiwa.

Eustadia alimtazama Issa kwa muda mrefu. Hakucheka. Hakukasirika pia. Alimruka miguu yake iliyonyooshwa, akaenda kuketi mezani.

"Yako wapi hayo maelezo?"

Advera akamsogezea kurasa tatu alizoandika usiku wa jana kwa mkono. "Unasaini hapa chini, mama. Ni yaleyale uliyonieleza. Tuna chini ya saa moja, na leseni wako ng'ambo ya stendi."

"Niache nisome."

"Mama, saa nne..."

"Ile nyingine sikusoma," Eustadia alisema. "Hii nitasoma."

Akasoma. Alisoma kwa kidole, mstari kwa mstari, akirudi nyuma alipoona neno refu. Advera alitazama saa, akatazama mlango, akatazama karani ambaye naye alianza kutazama saa. Hakuwa amewahi kuuchukia mwandiko wake kama dakika zile. Issa alikuwa ameinuka kidogo kidogo, akakaa sakafuni, mgongo ukutani. Bado alikuwa na kipande cha tabasamu usoni, akisubiri.

Kwenye ukurasa wa pili kidole kilisimama.

"Hapa umeandika, *Issa, ambaye ni mtani wa familia yetu.*"

"Ndiyo. Ndivyo mlivyoniambia."

"Kata."

"Niandike nini?"

"Andika kondakta."

Tabasamu lile lilimtoka Issa. Hakuwa ameuliza lolote kuhusu mahabusu, wala mahakama, wala miaka mingapi. Sasa alitambaa kwa magoti mpaka ukingoni mwa meza, na machozi yalikuwa yakimtoka waziwazi.

"Shemeji, nifunge," alisema. "Saini, nifunge, chukua basi lako. Lakini hilo neno usilikate. Nakuomba. Mimi nitazikwa na nani?"

Gerson alipeleka uso ukutani. Saa ilikuwa tatu na nusu. Advera alishika kalamu, akaona hawezi, asijue kwa nini yeye, Mhaya wa watu, mkono unamwia mzito hivyo. Eustadia akaichukua kalamu vidoleni mwake, akalikata neno mwenyewe, akaandika juu yake, kisha akaendelea kusoma.